Mikanda Shambani kwa Kemunto

Mnanijia hapa Nyakoe na kamera zenu za video mabegani, mnakaa kwenye benchi langu, mnakunywa chai yangu, halafu mnaniuliza habari za Mjerumani. Alikuwa mtu wa namna gani? Ni kweli alikaa siku kumi na moja mbele ya kichuguu kimoja? Hakuna hata mmoja wenu aliyewahi kuniuliza picha ya mke wangu iko wapi. Nyumba hii ina kuta nne na zote ni tupu, mmeziona. Nilifanya kazi ya picha kuanzia kabla ya vita vikuu vya pili mpaka miaka ya hamsini ilipokaribia kwisha, na siku mke wangu Kemunto alipofariki sikuwa na picha yake hata moja. Leo nitawaambia ilikuwaje. Humo humo mtapata na habari za Mjerumani wenu, kwa sababu mambo hayo mawili siwezi kuyatenganisha.

Jina lake lilikuwa Lothar, lakini kutoka Kisii mjini hadi Kebirigo alijulikana kama Bwana Subiri. Kiswahili alijifunza Tanganyika alikokulia, na katika Kiswahili chote alichokuwa nacho hilo ndilo neno alilolipenda. Jua likiingia mawinguni, subiri. Mchwa wakirudi shimoni, subiri. Ukimwambia chakula kinapoa, subiri. Alianza na filamu za sayansi: mchwa, nyuki, jinsi ua la mgomba linavyofunguka jani kwa jani. Baadaye, nywele zilipoanza kumtoka, akageukia historia, yaani jinsi watu walivyofanya kazi zao kabla mambo hayajabadilika. Nilipomuuliza kwa nini amewaacha mchwa, alisema mchwa hawana haraka ya kubadilika, watu ndio wanaomkimbia.

Mimi alinichukua kwa ajili ya mabega. Nisijisifu. Nilikuwa mtu mzima, nina mke, nina mtoto mmoja wa kike aitwaye Moraa, nina wimbi na ndizi zangu, na Bwana Subiri alikuwa na stendi ya miguu mitatu ya mbao ambayo ukiipandisha kilima cha Nyakoe unaanza kuwakumbuka wazee wako waliokufa. Ilinichukua mwaka mzima kabla hajaniruhusu kugusa kamera yenyewe.

Na alikuwa na sababu. Msimu wa kwanza wa mvua ndefu alisafiri kwenda Kisumu kuleta mahitaji, akaniachia makopo ya mikanda iliyokwisha kupigwa picha lakini bado haijasafishwa. Aliniambia neno moja tu: adui ni unyevu, weka mahali pakavu. Sasa ninyi mmezaliwa kwenye nyumba za mabati, hamjui. Nyumba zetu za siku zile zilikuwa na dari la fito juu ya moto wa jikoni. Hapo ndipo wimbi lilipokaushwa na mbegu zilipohifadhiwa, maana moshi hufukuza wadudu na joto hukausha kila kitu. Mama yangu angeweka hapo hata cheti cha ubatizo. Nikapiga hesabu yangu nzuri, nikayapanga makopo yote juu ya moto, nikalala usingizi wa mtu aliyefanya kazi yake vizuri.

Mikanda ilipelekwa Ulaya kwa meli. Baada ya miezi mitatu ikaja barua kwamba ndani yake hamna kitu isipokuwa ukungu wa kijivu. Siku kumi na moja za kichuguu zilikuwa zimeiva kwa moshi pamoja na mbegu za mama yangu.

Nilijua kazi imekwisha. Bwana Subiri alikuja nyumbani akaniomba nimwonyeshe hilo dari. Akainama, akaingia jikoni, akasimama chini yake mpaka machozi yakamtoka, na sikujua ni moshi au ni mchwa wake. Kemunto alikuwa pale anakaanga wimbi kwenye chungu. Ndiye aliyeniambia kwa Kigusii, nami nikatafsiri, kwamba kama shida ni unyevu basi moto wa nini, si afadhali kukaanga wimbi mpaka lisahau maji kabisa, kulitia kwenye mfuko wa kitambaa na kuufungia humo ndani ya sanduku? Wimbi kavu hunywa maji lenyewe. Bwana Subiri akajaribu. Kuanzia siku hiyo mpaka mwisho hatukupoteza mkanda hata mmoja kwa unyevu, na kila wiki mbili Kemunto alikaanga lingine. Hata leo fanyeni hivyo kwenye mabegi ya kamera zenu. Ni bora kuliko vile vijipakiti vya dukani vya kunyonya unyevu.

Jumamosi hatukufanya kazi. Sisi ni Wasabato, na Bwana Subiri alilijua hilo tangu mwanzo, ila jua la Nyakoe lina tabia ya kung'aa Jumamosi kuliko siku nyingine zote. Sabato moja akashindwa kuvumilia, akatoka peke yake na kamera, akazunguka mchana kutwa akipiga nyuki. Jioni tulipotoka kanisani tulimkuta amekaa juu ya jiwe. Alikuwa ameivisha kamera mkanda nyuma mbele, siku nzima amepiga picha ya giza. Kemunto alimpa uji, na nilimwona jinsi alivyobana midomo asicheke.

Halafu vita vikaanza, na Wajerumani waliokuwa nchini wakakusanywa. Lori lilimfuata Kisii mjini. Nilimbebea sanduku la nguo, akanikabidhi stendi, akaniambia, mtakisia wenyewe, nisubiri. Miaka ilikwenda. Kemunto alikuwa mwanamke wa matumizi, akaona miguu mitatu imesimama bure pembeni mwa nyumba, akaifanya ya kutundikia vibuyu vya maziwa. Vita vilipokwisha, siku moja nikiwa natoka kuchimba nikamwona mzungu mwembamba mlangoni, kichwa cheupe, anaitazama stendi yake na kibuyu juu yake. Nilikimbia kukitoa. Akanishika mkono, akasema subiri, akatoa kamera akakipiga kibuyu picha kwanza, ndipo tukasalimiana.

Alikuwa amebadilika. Zamani alikuwa akipokea barua za mkewe kwa kila meli, na sasa hazikuja tena, wala mimi sikuuliza. Tulianza kuzunguka kupiga historia: wahunzi, wajenzi wa nyumba, mzee mmoja huko Kebirigo aliyejua kupasua kichwa cha mtu aliyeumia na kukwangua mfupa mpaka apone. Tulikuwa na hema. Juu ya Ogembo tulikaa wiki tatu tukingoja mvua iache, yeye kitandani upande huu, mimi upande ule, tunasikiliza maji. Nilimkumbuka Kemunto mpaka kifua kikaniuma. Nyumbani napo nilipofika nilikuwa kama mgeni. Nikiingia mahali penye mazungumzo, watu wananyamaza na kuangalia nyuma yangu kama kamera inakuja. Hata msibani niliwahi kuulizwa kama Mzungu yuko njiani. Upweke wa kazi hii sijui kama utawapata na ninyi, maana siku hizi watu wanawaita wenyewe harusini. Sisi tulikuwa tunaingia katika maisha ya watu bila kualikwa, na kwetu wenyewe hatukai.

Kazi yangu kubwa miaka ile ilikuwa kusafisha picha. Bwana Subiri alitaka mambo kama yalivyokuwa zamani, kwa hiyo kabla hajabonyeza kamera mimi nilipita mbele nikiondoa kila kitu cha kisasa: baiskeli, sufuria, debe la mafuta ya taa, shati la mtu. Nikawa hodari sana. Nilikuwa naweza kuona kifungo cha shati kutoka ng'ambo ya mto.

Ndipo akaamua kutengeneza filamu ya wimbi, kuanzia kupanda mpaka kusaga, na shamba lililochaguliwa ni la Kemunto. Hakukuwa na shamba safi kama lile. Palizi yake ilikuwa kama imechanwa na kitana. Bwana Subiri akasema Kemunto ndiye atakayeonekana akifanya kazi, ila lazima avae kama zamani, pamoja na ebitinge. Hizo ni pete za chuma ambazo mwanamke wa Kigusii aliyeolewa kwa mila alizivaa miguuni, na ukimwona nazo unajua ni mke wa mtu. Kemunto alikuwa nazo zamani. Alizivua alipobatizwa.

Nilimbembeleza siku mbili. Nilimwambia ni mchezo tu, ni kwa ajili ya vitabu vya wazungu, Mungu anaelewa. Siku ya tatu asubuhi, watu wamekusanyika, kamera iko juu ya stendi, jua zuri, akaja na gauni lake na kitambaa chake kichwani, na miguu mitupu.

"Nilizivua mbele ya kanisa zima," aliniambia. "Leo nizivae mbele ya hicho chuma ili nani anione?"

Bwana Subiri ananiangalia. Majirani wananiangalia. Na mimi, hodari wa kuondoa sufuria, nikamwambia mke wangu maneno ambayo mpaka leo yananirudia nikiwa peke yangu.

"Basi kaa kando, Mama Moraa. Unaharibu picha."

Akakaa kando. Hakununa, na hilo ndilo lililonichoma baadaye. Tulimwita jirani yetu Bosibori, mama mzee ambaye bado alikuwa na pete zake, akaingia shambani mwa Kemunto. Kumbe Bosibori alikuwa ameacha wimbi siku nyingi, analima viazi, akawa anang'oa magugu na wimbi pamoja. Kemunto alisimama nyuma ya stendi akawa anamwelekeza: shika hapa, geuza mkono, hilo liache. Msimu mzima ikawa hivyo. Kila kitu kinachofanywa na mikono ya Bosibori katika filamu ile kilitoka kinywani mwa Kemunto, na yeye humwoni popote.

Bwana Subiri hakupenda kumwona yuko nyuma ya stendi tu, akampa kazi ya kibao. Mwanzo wa kila mkanda ilibidi mtu asimame mbele ya kamera kwa muda mfupi ameshika kibao cheupe chenye namba, ili mpigaji apime mwanga na kuirekebisha lenzi. Kemunto alifanya hivyo kwa msimu wote. Anashika kibao, anahesabu kimoyomoyo, anatoka, Bosibori anaingia. Mara moja tu aliniomba kitu. Alisema, "Mwambie Bwana Subiri siku moja anipige mimi, nikiwa na gauni langu la Sabato, na wewe ukae kando yangu." Nikamwambia. Mjerumani akasema vizuri sana, mkanda ukibaki mwishoni, subiri. Mkanda haukubaki.

Mikanda iliporudi kutoka Ulaya imesafishwa, tulikodi chumba Kisii mjini nyuma ya duka la Mama Rehema, mjane Mwislamu aliyeuza vitambaa na viungo. Hapo nilifundishwa kukata na kuunganisha. Gundi yetu ilinukia kama ndizi zilizoiva kupita kiasi, na Mama Rehema wiki ya kwanza alipekua chumba kizima akitafuta mkungu niliomficha. Bwana Subiri alipanga, mimi nikakata. Na kitu cha kwanza cha kukata katika kila mkanda ni kichwa, yaani ile sehemu ya mwanzo yenye mtu na kibao. Watazamaji hawahitaji kuiona. Nilikuwa nauinua mkanda kuelekea dirishani, namwona Kemunto mdogo kama ukucha, amesimama na kibao, amejirudia mara nyingi mmoja chini ya mwingine, halafu anatoka. Anapotoka ndipo mkasi unapita. Kuna siku nilimkata mara kumi na nne. Sikufikiri chochote. Jioni ningemkuta nyumbani mzima mzima, picha ya nini?

Vipande nilivirundika vya kuchoma. Siku alipokuja mjini kuuza ndizi akapita chumbani, akaviona.

"Usivichome," alisema. "Nipe nikawatishe ndege."

Masuke yalikuwa yameanza kujaa na ndege walikuwa wamemsumbua. Akafunga kapu zima akaondoka nalo. Alivifunga kwenye vijiti kuzunguka shamba kwa kamba za mgomba, na upepo ukija vilimetameta na kupigapiga, ungevisikia kutoka barabarani. Ndege waliviogopa kama wiki moja hivi, kisha wakawa wanatua juu yake kupumzika. Tulicheka sana. Hata hivyo kila msimu aliongeza vingine.

Bwana Subiri aliondoka miaka ya hamsini ikielekea mwisho. Macho yalikuwa yamechoka. Kwenye stesheni ya basi alitushika mikono mmoja mmoja, na Kemunto akampa mfuko wa wimbi la kukaanga la njiani, la sanduku, si la kula. Alianza kusema jambo kuhusu picha ya gauni la Sabato, basi likapiga honi.

Mvua ndefu zilizofuata Kemunto alipatwa na homa ya mapafu, akakaa nayo wiki moja. Hiyo wiki siwezi kuwasimulia.

Baada ya mazishi Moraa, aliyekuwa ameolewa Ogembo, alibaki siku tatu akinipikia. Asubuhi ya kuondoka alisimama mlangoni na mzigo wake, mtoto mgongoni.

"Tata, nipe picha moja tu ya mama niende nayo. Huyu atakua bila kumjua."

Nilikuwa baba aliyefanya kazi ya picha maisha yake yote, Wagusii wote wanajua, na nilikaa pale nikiangalia mikono yangu. Akadhani sitaki kumpa. Aliondoka akiwa na uchungu na mimi, na baada ya hapo hakuja nyumbani kwa muda mrefu. Kumweleza nilishindwa. Ningesema nini? Kwamba mama yako alikuwa katika kila mkanda na mimi ndiye niliyemtoa?

Nikamwandikia Mjerumani. Jibu lilikuja kwa mwandiko uliotetemeka. Aliniomba radhi kwa ile ahadi. Kisha akaeleza, kama alivyozoea, bila kunificha: mkanda mama, yaani wa asili, uliobaki kule kwao nao ulikatwa kwa kufuata mkato wangu, kipande kwa kipande, na vichwa vilitupwa. Aliandika kwamba mkato wangu ulikuwa safi mno, hawakulazimika kurekebisha chochote. Niliisoma sifa hiyo nikaiweka barua chini ya godoro.

Shamba lake sikulikanyaga kwa misimu miwili. Magugu yakapanda mpaka kiunoni. Nilipoingia na panga hatimaye, nilienda kulifyeka tu nipande migomba, sikwenda kutafuta kitu. Vijiti vingine vilikuwa vimeanguka, vingine vimesimama, na mikanda ilikuwa bado inaning'inia. Nikaushika wa kwanza, nikauinua juani kama nilivyofanya kwa Mama Rehema. Mtupu, mweupe kama kioo. Mvua ilikuwa imeiosha picha yote. Wa pili mtupu, wa tatu mtupu. Nilizunguka shamba zima, kijiti kwa kijiti, mzee mzima natambaa kwenye magugu, na jirani Bosibori amesimama kwenye ua ananiangalia.

Kwenye kona ya chini kulikuwa na kijiti ambacho Kemunto alikifunga kwa kukizungushia kamba ya mgomba mara nyingi, kwa vile pana upepo. Kamba ilikuwa imeoza nusu. Nilipoibandua, mkanda uliokuwa chini yake ulikuwa mweusi. Maji hayakuwahi kuufikia. Nilikaa chini palepale. Kilikuwa kipande kifupi kuliko kidole changu cha kati, chenye picha nne zilizo nzima.

Mbili nilizipeleka Ogembo kwa miguu yangu mwenyewe, nikamweleza Moraa kila kitu, na gauni, na pete, na maneno niliyomwambia mama yake mbele ya majirani. Alilia, akanilaumu, kisha akanipikia. Mbili ziko hapa, ndani ya Biblia yake, katika karatasi ya sigara. Fundi wa picha mjini aliniambia hawezi kuzikuza, atakachopata ni vumbi tu, ndiyo sababu kuta zangu mnaziona hivyo.

Haya, chukueni hiki kioo cha kukuzia, mwende nacho dirishani mmoja mmoja, mshike kingo tu, msiweke vidole katikati. Mnamwona? Gauni, kitambaa, kibao mkononi. Sasa angalieni macho. Bwana Subiri alikuwa akimsihi kila mara aangalie kwenye lenzi, na mimi nilikuwa nikimtafsiria, lakini hakusikia. Haangalii kamera. Anaangalia pembeni kidogo, kulia kwa stendi, ambako nilikuwa nasimama mimi.